Mkono wa Beki Tessarin

Wewe. Ndiyo, wewe uliyeshika rimoti. Taarifa ya habari ilipofika kwa dada zetu walioko Saudia, ulibadilisha stesheni ukaenda kwa mpira. Mwaka wa 2013 mtaa wa Manfuha kule Riyadh ulipofagiliwa, watu wakipakiwa kwenye mabasi kama magunia, wewe uliuliza matokeo ya ligi. Sawa. Basi tukuletee mpira, maana ndio unaokutoa usingizini.

Jumanne moja ya mwaka wa 2016, Selipher alikuwa anapiga pasi jezi za Mwitaliano katika nyumba ya uani, kaskazini mwa Riyadh, wali ukiwa jikoni. Akasikia harufu. Alipofika, chini ya sufuria palikuwa peusi tititi. Mwitaliano aliingia na ndala zake, akaitazama sufuria, akanyoosha mkono wa kulia juu, kiganja wazi, kama beki anayemlalamikia mshika kibendera kwamba mtu ameotea. Wali ukarudi kuwa mchele. Mchele ukarudi guniani. Sufuria ikarudi ukutani, safi.

"Shukran, Mista Fulvio," Selipher alisema, akaanza upya kuchambua mchele. Kilichomuudhi ni kwamba vitunguu navyo vilikuwa vimerudia maganda yao.

Fulvio Tessarin alikuwa beki wa kati, na katika maisha yake yote ya soka hakuwahi kufungwa. Alianzia timu ya kijiji cha wakulima wa mpunga kaskazini mwa Italia. Kila mshambuliaji alipotia mpira wavuni, Fulvio aliinua mkono na goli likafutika, tena si kwa refa peke yake. Mpira ulitoka wavuni wenyewe, mashabiki wakameza shangwe yao, na mfungaji akajikuta katikati ya uwanja akifunga kamba za kiatu. Kwao Italia hilo lilihesabiwa kuwa ukabaji mzuri. Makocha walimsifu kwa kujipanga. Shida ni kwamba mechi zake karibu zote ziliisha bila bila, na hakuna mji unaoweza kuvumilia bila bila kila wikendi. Akauzwa timu hadi timu, kila moja ndogo kuliko iliyotangulia, mpaka Riyadh ilipoanza kuwanunua wazee wa Ulaya kwa pupa, ikamchukua yeye na magoti yake yote mawili.

Kafili wake, yaani mdhamini anayemshikia vibali, alikuwa Abu Nayef, makamu mwenyekiti wa klabu na mwenye nyumba ile ya uani. Ndiye pia kafili wa Selipher, na wa Hezron, dereva. Pasipoti zao tatu zililala ofisini kwake katika kabati moja la chuma, zikipeana joto.

Mkataba wa Selipher ulikuwa umeisha tangu Pasaka. Alitaka kitu kimoja tu: karatasi ya kutoka nchini, ambayo kafili peke yake ndiye huiomba, ili afike Bungoma aolewe na Alfayo, fundi wa pikipiki, Jumamosi ya mwisho kabla ya Krismasi. Harusi ilikuwa imeahirishwa mpaka pasta akachoka. Akatangaza mbele ya kanisa zima kwamba siku hiyo Alfayo ataoa, Selipher awepo asiwepo. Na kwenye kwaya kulikuwa na Jerioth, sauti ya kwanza, ambaye alikuwa ameshashona gauni, eti la akiba.

"Dada, si utoroke?" Hezron alimwambia, akinywa chai mlangoni pa jikoni. "Manfuha imejaa watu wetu."

"Nikitoroka si ndio nimekwama kabisa? Nitaolewa na nani huko Manfuha? Wewe?"

"Mimi niko ready."

"Hezron, wewe hata kikombe huoshi."

Fulvio aliyasikia hayo, akaenda kwa Abu Nayef. Ilikuwa wiki ya mechi ya kombe, na timu waliyopangiwa kule Jeddah ilikuwa ya shemeji yake Abu Nayef, mtu ambaye hawakuwa wamesalimiana vizuri tangu siku ya harusi iliyowafanya mashemeji. Abu Nayef akaapa kwa sauti, kahawa mkononi: "Tushinde Jeddah, yule msichana aende kwao. Halas."

Timu ilipanda ndege. Hezron alitangulizwa na gari, amebeba godoro la Fulvio, kwa kuwa mgongo wa Fulvio haukukubali godoro lingine. Mechi aliitazama Ghulail, mtaa wa Jeddah, katika chumba cha Naftali, Mkenya aliyekuwa mlinzi wa ghala, pamoja na vijana wengine waliobanana vitandani. Selipher aliisikiliza Riyadh kupitia mlango wa sebule, huku akipiga pasi. Uwanjani wanawake hawakuruhusiwa, hata madam mwenyewe, mke wa Abu Nayef, sembuse yeye.

Jeddah walifunga magoli saba. Fulvio aliinua mkono mara saba.

"Hilo lilikuwa goli," Naftali alisema baada ya lile la tano.

"Goli gani, bro? Kunywa chai," wenzake walimwambia, kwa maana vikombe vilikuwa vimejaa tena.

Mechi ikielekea ukingoni, mpira wa kona ulimgonga Fulvio kisogoni ukaingia wavuni kwa Jeddah. Lilikuwa goli lake la kwanza maishani. Akarusha mkono juu kwa furaha, goli likafutika. Kona ikapigwa upya, ikamgonga kisogo kilekile ikaingia, na safari hii wenzake watatu walimrukia wakamshika mikono mpaka refa alipopuliza filimbi ya mwisho.

Siku ya pili yake Selipher aliingia sebuleni kwa wageni na birika la kahawa. Fulvio alikuwa ameketi upande wa kulia wa Abu Nayef. Hezron alisimama mlangoni na funguo za gari.

"Baba, ile karatasi yangu," Selipher alisema.

Abu Nayef aliuma tende. "Mafi, hakuna. Ramadhani imekaribia."

Ramadhani ilikuwa bado nusu mwaka. Fulvio akainua mkono. Ile mafi ikarudi kinywani ilikotoka, tende ikawa nzima kwenye sahani, na Selipher akawa mlangoni tena, birika limejaa.

"Baba, ile karatasi yangu."

"Mafi. Madam ana wageni kutoka Kuwait."

Mkono.

"Baba, ile karatasi yangu."

"Mafi. Wa kushika nafasi yako hajafika."

Mkono. Waliendelea hivyo mpaka Abu Nayef akaishiwa na sababu, akabaki na mafi tupu, aliyoitamka kwa upole, kwani hakuwa mtu wa kufoka. Alikuwa anaona njaa tu, bila kujua kwa nini tende haziishi wala hazimshibishi.

"Mista, jaribu wa kushoto," Hezron alishauri.

Wa kushoto haukufanya lolote. Huo alikuwa nao kwa ajili ya kula tambi.

Selipher ndiye aliyeelewa kwanza, kwa sababu ndiye aliyekuwa anarudi mlangoni. Mkono wa Fulvio ulifuta lililotendeka. Lakini Abu Nayef hakuwa ametenda kitu. Kila mafi ilipofutwa walirudi wote palepale kabla haijatamkwa, na pale kabla haijatamkwa pasipoti ilikuwa kabatini, kabati limefungwa, na ufunguo uko mfukoni mwa kanzu yake kwa mujibu wa desturi. Hata angeinua mkono mpaka wakati urudi siku Selipher alipopanda ndege Nairobi, angemkuta ajenti anamngoja na mkataba uleule.

Jioni bega la Fulvio liliachia. Daktari wa klabu alilipapasa akasema mpira umekwisha. Beki asiyeweza kuinua mkono hana kazi. Fulvio akaomba kwenda kwao, na kabla ya chakula cha mchana cha kesho yake alikuwa na pasipoti, muhuri wa kutokea, na chupa ya manukato ya oud aliyopewa kama zawadi ya kuagwa. Hakuhitaji kuinua hata kidole.

"Na Selipher?" aliuliza.

"Yule ni wa madam," alisema Abu Nayef, akamkumbatia kwa uangalifu, upande wa bega zima.

Fulvio alibaki wiki chache kwa ajili ya bega, akasafiri Jumamosi ileile ya harusi ya Bungoma. Madam alimruhusu Selipher aende hadi uwanja wa ndege, ashike suti za Fulvio mapajani zisijikunje. Hezron alikuwa bado hajafika barabara kuu simu ilipolia. Alikuwa Norman, binamu yake Selipher, aliyekuwa kanisani.

"Pasta ndio amewatangaza mume na mke saa hii. Jerioth analia. Ni machozi ya furaha, nakwambia tu ukweli."

"Mista Fulvio, tafadhali," Selipher alisema.

Mkono haukupanda. Selipher akaweka suti kando, akashika kiwiko kwa mikono miwili, akausukuma juu mpaka ukagusa paa la gari.

"Jerioth amerudi mlangoni," Norman aliripoti. "Kwaya inaanza tena."

Simu ikakatika. Iliporudi, watu walikuwa wameshakula. Selipher akasukuma tena. Pilau ikarudi masufuriani, keki ikajiunga. Wageni hawakulalamika, maana utamu ulibaki mdomoni na tumbo likabaki wazi.

Jerioth alimnyang'anya Norman simu. "Selipher, aki si uniachie tu? Nimetembea hapa katikati mpaka miguu imevimba na hivi viatu."

"Hivyo viatu nilivituma mimi."

Jerioth akamkabidhi Alfayo simu. Ikaja sauti ya Alfayo, ya chini, ya mtu aliyechoka. "Sellie, unakuja ama huji?"

"Niko airport."

"Ndani ama nje?"

Selipher alitazama milango ya vioo. Fulvio alikuwa ameshashuka, na askari alikuwa anafungua pasipoti yake.

"Nje," alisema.

Baada ya askari, Fulvio aligeuka, akausukuma mkono wa kulia kwa ule wa kushoto. Ukafika usawa wa sikio. Norman akasema keki imerudi tena, ila upande mmoja umebomoka. Kisha vioo vikajifunga. Pasta akawatangaza upya, na Hezron akazima injini wangoje. Ndege ikapita juu yao.

"Sasa ndoa imeshika," Norman alisema. "Watu wanakula."

Madam naye akapiga simu kuuliza pasi iko wapi. Wakarudi. Wali huungua bado katika nyumba ile, na hubaki umeungua.

Ajenti aliyempeleka Selipher ana ofisi Nairobi, ghorofa ya pili, juu ya duka la miwani. Anajua namba ya Abu Nayef kwa kichwa. Usiniambie pole, wala usingoje beki mwingine ateremke kutoka Ulaya. Mchukue pasta aliyechoka, mchukue Alfayo, ichukue kwaya nzima na Jerioth mwenyewe na gauni lake, mkakae kwenye ngazi zile asipande mtu wala asishuke, mpaka ajenti apige simu Riyadh mkimsikia na kabati lile lifunguliwe. Si wiki ijayo. Vaa viatu uende.