Kengele ya Penrose na Sufuria ya Supu

Mervyn Hoskin aliamka siku hiyo akiombea manowari Penrose izame. Si kwa chuki, la hasha! Meli ile aliipenda kuliko nyumba yake ya Gosport, ng'ambo ya bandari, na Beryl mkewe humkumbusha hivyo kila wakigombana. Lakini leo Penrose ilikuwa inastaafu. Miaka ishirini na minane ilikuwa imelinda meli za mafuta Ghuba, imepeleka maji na mahema visiwani baada ya kimbunga, imerudi Portsmouth kila mara na kutu yake na nyimbo zake. Adhuhuri bendera ingeshushwa. Na kabla haijashushwa, saa tano kamili, mjukuu wake Wilf angebatizwa ndani ya kengele ya meli.

Hapo ndipo balaa lilipokuwa.

Maana mtoto wa baharia hubatizwa melini. Kengele hupinduliwa, hutiwa maji, na baadaye jina la mtoto huchongwa upande wa ndani. Jodie, binti wa pekee wa Mervyn, alimwandikia nahodha barua: mimi nilibatizwa katika kengele hiyo, baba yangu alikuwa mpishi wenu, naomba jina la mwanangu lichongwe chini ya jina langu. Nahodha akakubali kwa mikono miwili. Sasa jamani, jina la Jodie halimo ndani ya kengele. Halijawahi kuwamo.

"Mwambie binti yako," Beryl alisema walipokuwa kwenye kivuko cha kwenda melini, Jodie akiwa mbele na Wilf begani. "Nimekwambia tangu ana miaka sita."

"Nitamwambia."

"Lini? Tukishafika? Leo ni leo, Mervyn."

"Bi Beryl, niache nipumue."

"Umepumua miaka ishirini na sita, mume wangu. Inatosha."

Ilikuwa hivi. Katika manowari za kwao, anayesugua kengele ni mpishi. Usiniulize kwa nini, ndivyo walivyoikuta. Mervyn, kwa kuwa wa kubatizwa alikuwa mwanawe, alitaka kengele ing'ae hadi iumize macho. Akaifungua, akaiviringisha kwa blanketi, akavuka nayo hadi nyumbani akaisugue kwa siki na chumvi. Asubuhi ya pili amri ikaja: ondokeni adhuhuri. Kasisi akasema basi, tumbatize mtoto sasa hivi. Watu wakajipanga sitahani, mtoto analia, nahodha wa wakati ule anatazama saa, na kengele iko Gosport kwenye banda la baiskeli! Mervyn akatimua mbio jikoni, akarudi na sufuria kubwa ya supu ya mbaazi. Ilikuwa safi, ila harufu haikuwa imekubali kutoka. Jodie akabatizwa humo. Kengele ikaletwa kwa mashua dakika za mwisho, na Mervyn akaadhibiwa kumenya viazi wiki tatu, adhabu ya ajabu kumpa mpishi. Kuhusu jina, kasisi alikataa katakata. Alisema kengele haikumwona mtoto huyu.

Wanasema njia ya mwongo ni fupi. Ya Mervyn ilikuwa ndefu kweli, na leo ilifika mwisho wake.

Sitahani kengele ilikuwa imeshapinduliwa juu ya meza yenye kitambaa cheupe. Nahodha yupo, kasisi yupo, mabaharia wamejipanga mstari. Jodie hakusubiri kuitwa. Alimpa mama yake mtoto, akainamisha kichwa ndani ya kengele na kusoma majina kwa kidole.

"Pargeter... Anstey... Baba, mimi niko wapi?"

"Tazama vizuri. Labda kutu."

"Shaba haishiki kutu, baba. Wewe ndiye uliyenifundisha." Aliinua kichwa. "Niko wapi?"

Mervyn alimtazama Beryl, na Beryl akatazama bahari. Basi akasema yote: siki, chumvi, banda la baiskeli.

"Sufuria?" Jodie aliuliza.

"Sufuria."

"Ya supu?"

"Ya mbaazi."

Baharia mmoja alicheka, akakanyagwa mguu na mwenzake. Jodie hakucheka. Machozi yalikuwa yanamlengalenga.

"Harusini kwangu nimesimama mbele ya watu mia nikawaambia jina langu limo humu. Nimewaandikia hawa barua! Kwa nini, baba?"

"Ulikuwa unalia kila nikisafiri," Mervyn alisema. "Unanishika suruali mlangoni. Nikakwambia usilie, jina lako limo melini, naenda nalo. Ukanyamaza. Safari iliyofuata nikasema tena. Nisamehe, mwanangu. Nimeona haya mpaka basi."

Hapo mpishi mkuu wa sasa, mwanamke mnene aitwaye Denise Oxtoby, akatoka mstarini bila ruhusa.

"Samahani, afande. Huyu ni Jodie? Jodie wa sufuria?"

Hakungoja jibu. Akateremka jikoni, akarudi na vijana wawili wamebeba sufuria iliyobonyea pande zote, akaipindua sitahani. Chini, kwenye kitako, kulikuwa na maandishi ya ncha ya kisu: JODIE. Pembeni yake, majina mengine kumi na manne.

Lo! Mervyn alikumbuka. Usiku wa kwanza wa safari ile alikaa jikoni peke yake, roho inamuuma, akalikwaruza jina lile. Alidhani sufuria ilishatupwa zamani.

"Sisi wapishi watoto wetu hatuwapeleki kwenye kengele," Denise alisema. "Tunawabatiza humu. Mpishi wa kwanza alianza hivyo, tukajua alikuwa na sababu kubwa."

"Sababu ilikuwa uzembe," Beryl alisema, na safari hii hata nahodha alicheka.

Jodie alipiga magoti, akaligusa jina lake.

"Kwa hiyo nilikuwa nasafiri kweli."

"Dada, Ghuba umekwenda mara tano," Denise akamjibu. "Na kile kimbunga, watu mia tatu walikunywa supu yako."

Jodie alicheka na kulia kwa pamoja. Kasisi akakohoa, akakumbusha kwamba kengele iko tayari.

"Kengele wapeni makumbusho," Jodie alisema. "Mwanangu anaingia kwa mama yake."

Wilf akabatizwa katika sufuria, akapiga chafya, na Beryl akaapa kwamba mbaazi bado zinanukia. Maji yalipomwagwa sufuria ikapinduliwa tena. Chini ya jina la kwanza palikuwa na nafasi tupu; wapishi wote walikuwa wameiruka, wakisema huenda Jodie mwenyewe akarudi siku moja na mtoto wake. Denise akampa Mervyn kisu. Jodie akaishika sufuria kwa mikono miwili.

"Andika vizuri, baba," alisema. "Leo nakuangalia."