Uwanja Kati ya Jiko na Sebule

Naapa kwa kiinua mgongo changu, ambacho hata bega hakikuinua: haya ni kweli tupu, na Rungwe Mpya nzima inajua.

Jumanne moja, saa saba mchana, Epifania alitoka jiko la nje na ugali wa muhogo na samaki wa migebuka, akampelekea mumewe Nestori sebuleni. Siku zote ni hatua kumi na mbili. Siku hiyo zilikuwa arobaini.

"Umepitia Kakonko?" Nestori alimtania.

"Uwanja umerefuka, Baba Fidele."

"Haya. Chumvi iko wapi?"

Chumvi ilikuwa jikoni. Alirudi nayo saa tisa.

Asubuhi hiyo Nestori alikuwa amechukua hati ya shamba Kasulu mjini. Shamba hilo lilikuwa pori, wakalifyeka wote wawili, Epifania akiwa na mtoto mgongoni. Hati ilikuwa na jina moja, la Nestori.

Uwanja nao haukutulia. Epifania alipofiwa na mama yake, Nestori alilia naye wiki nzima, jiko likasogea karibu hadi moshi ukawa unawaamsha kitandani. Epifania akaona ndiyo saa yenyewe.

"Jina langu utaliweka lini?"

"Tutaangalia."

Kulipokucha, jiko lilikuwa ng'ambo ya bonde. Ikabidi chakula kije kwa bodaboda ya Tamimu.

"Shemeji, mchuzi umemwagika kidogo," Tamimu alimwambia Nestori. "Mteremko wenu una utelezi."

Wazee wa ukoo walikuja kupima. Kamba ikaisha kabla ya uwanja. Wakashauri papandwe maharage, ardhi isikae bure, wakanywa pombe yao wakaondoka. Epifania alipanda, akapalilia, yakastawi kuliko ya mtu yeyote.

"Haya maharage ni ya nani?" alimuuliza mumewe kwa simu.

"Si yamo kwenye shamba langu? Ni yangu," alijibu Nestori. "Umelalaje lakini, mke wangu?"

"Salama. Huko kwenu kumenyesha?"

Hivyo ndivyo wanavyoishi hadi leo.

Nilikuwa nikiwasimulia wageni kisa hiki, nacheka peke yangu, mke wangu Immakulata akichambua mchele pembeni.

"Na hati yetu, Mwalimu," aliuliza, "ina majina mangapi?"

Nikakohoa. Akauweka ungo chini. Wageni wakakumbuka wana safari.

Naandika haya nikiwa kwenye benchi la ofisi ya ardhi, picha mbili za pasipoti za Immakulata mfukoni. Karani amekwenda kunywa chai.