Raya Alikuwa Katikati

Dulla aliingia wodini na sahani ya chipsi mayai, akavuta kiti cha mgonjwa wa jirani bila kuomba, akaanza kumweleza Nyanzala jinsi ya kumsingizia marehemu.

Kazi ya huyu Dulla ni kufuatilia fidia za ajali pale Mpanda mjini. Ofisi hana. Ana simu mbili, na watu wa kumpigia kila majeruhi anapofikishwa hospitali. Wiki moja nyuma, Nyanzala na rafiki yake Raya walikuwa wametoka Kasokola kwa pikipiki moja, wakiendeshwa na jirani yao Arcade. Walipokaribia mashine ya kukoboa mpunga, lori likatoka kinyumenyume mpaka barabarani, hakuna hata mtu wa kuliongoza. Arcade naye alikuwa anakimbiza, akashindwa kusimama. Raya alifia pale pale. Nyanzala alivunjika paja, Arcade akachubuka tu.

Dulla alisema tatizo ni ule mshikaki. Abiria wawili kwenye pikipiki moja, mwendo mkali, helmeti hakuna: watu wa bima watasema nao wamechangia ajali, wataikata fidia. Kwa hiyo karatasi aliyoiandaa ilisema abiria alikuwa mmoja. Raya alikuwa akitembea kwa miguu, akakatiza mbele ya pikipiki bila kuangalia, ndiyo maana Arcade hakuwahi breki lori lilipotokea.

"Marehemu haumii, mama Malale," alimwambia Nyanzala huku akitafuna. "Wewe ndiye utakayetembea na vyuma. Weka dole gumba hapa."

Akaweka. Paja lilikuwa linamwaka moto, mumewe alikuwa mbali na ng'ombe huko Litapunga, na alitaka yule mtu aondoke. Dulla alipoiinua karatasi, Nyanzala aliona doa la mafuta ya chipsi limetanda juu ya jina la Raya. Alitapika kwenye beseni. Nesi alidhani ni dawa.

Siku ya pili yake Arcade alileta machungwa. Huyu ndiye aliyelia kuliko wote msibani, akapokezana jeneza mpaka makaburini. Sasa alisimama akitazama dirisha, akasema ana watoto, na leseni yake imekwisha muda. Alimwomba waache mambo yakae yalivyo, kwa kuwa Nyanzala ameshaweka dole. Nyanzala aliyasukuma yale machungwa chini ya kitanda, yakaanza kunuka, naye hakumwambia mtu ayatoe.

Aliyemmaliza ni Bi Rabia, mama yake Raya. Tangu azike alikuwa anamletea Nyanzala uji kila asubuhi. Siku moja alikuja amechelewa, ametoka ofisi ya bima, ambako aliambiwa mwanawe alijitakia mwenyewe.

"Mwanangu," alimwuliza taratibu, "Raya si mliondoka naye? Alitelemka wapi?"

Nyanzala alijiona kinyaa, kama mtu aliyelala na nguo za kuchinjia.

"Hakutelemka, mama. Alikuwa katikati, mimi nyuma yake. Alitaka asubiri pikipiki nyingine. Mimi ndiye niliyemwambia panda tu, tutabanana."

Bi Rabia alifunga chupa ya uji, akaikumbatia, akatoka. Hakumlaani.

Alipoweza kusimama na magongo, Nyanzala alikwenda mwenyewe ofisi ya bima. Mama aliyemhudumia alimweleza wazi kwamba maelezo ya kweli yatampunguzia fidia yake, na kwamba polisi watataka kujua yale ya uongo yalitoka wapi. Nyanzala akamwambia aandike. Alitaja lori, akataja mwendo wa Arcade, akajitaja mwenyewe. Alipotoka, Dulla alikuwa akimsubiri mlangoni. Alimwita mshamba, akatema mate karibu na gongo lake. Nyanzala alimtazama mdomo, akakumbuka ulivyokuwa ukitafuna, akapita.

Dereva wa lori na Arcade walifikishwa mahakamani wote wawili. Mke wa Arcade akaacha kumsalimia Nyanzala. Fidia ya Nyanzala ilikatwa, ikatosha matibabu na kidogo cha juu. Ya Bi Rabia nayo ilikatwa, kwa kuwa Raya alikubali kupanda mshikaki, lakini alilipwa kama mama wa abiria, si wa mtu aliyejirusha barabarani.

Dulla bado yuko mjini; kwenye ile karatasi jina lake halikuwamo. Juzi Nyanzala alipokwenda kliniki alimkuta ameinama juu ya kitanda cha mtu mwingine, karatasi mkononi. Nyanzala alisogea mpaka pale, akamwambia yule mgonjwa asiweke dole kabla hajasomewa, kisha akakaa kwenye benchi kungoja zamu yake.