Jina Alilopewa kwa Kejeli

Fomu ilifika Jumatatu. Basi la kwenda Mbeya lilikuwa la Ijumaa. Kati ya siku hizo mbili alikuwepo Jailos Kalinga, na Damari alilijua hilo kabla hajamaliza kuisoma karatasi.

Binti yake wa pekee, Marta, alikuwa amemaliza darasa la nane na kuchaguliwa kusomea uuguzi katika hospitali moja ya misheni huko Mbeya. Mwaka huo wa 1957, kijijini kwao milimani Kilolo, hakukuwa na msichana aliyewahi kufika mbali kiasi hicho. Shuleni aliandikwa Marta Fanueli, jina lake na la baba yake, basi. Fomu ilitaka la tatu: jina la ukoo. Chini yake ilitaka sahihi ya mlezi mwenye jina hilohilo.

Fanueli Kalinga alikuwa kaburini mwaka wa saba. Kalinga aliyebaki alikuwa Jailos, mdogo wake; mke hakuandikwa jina la ukoo wa mumewe.

Damari hakupoteza muda. Siku hiyohiyo alimfuata shemeji yake nyumbani kwake.

"Kamwene, shemeji."

"Kamwene. Karibu kiti."

"Sikai. Nina fomu ya Marta."

Jailos aliipokea, akaigeuza mbele na nyuma. "Nitatia sahihi, kwa nini nisitie? Mtoto ni wetu. Ila vile vinyungu vya bondeni vinirudie."

Vinyungu vyenyewe ni matuta ya kule bondeni ambako udongo haukauki. Kiangazi, wakati milima yote imekuwa ya kahawia, Damari alikuwa anachuma mahindi mabichi na maharage. Matuta hayo ndiyo yaliyomlea Marta.

"Vikurudie? Lini vilikuwa vyako?"

"Basi nenda na fomu yako. Tuone nani atakayeisaini."

Damari aliikunja fomu, akaondoka.

Hayo hayakuanza siku hiyo. Fanueli alipofariki, matanga yalipokwisha, Jailos alikuja na wazee kumrithi mjane wa kaka yake, kama ilivyokuwa desturi. Damari alikataa. Wakamwambia basi afungashe vyake arudi kwa baba yake. Jailos ndiyo kwanza alikuwa ametoka kwenye mashamba ya mkonge Morogoro, na tangu arudi alikuwa hasemi Kihehe mbele za watu; kila kitu Kiswahili, ili wajue ametembea.

"Banduka hapa, mwanamke!" alifoka.

Damari naye alimjibu kwa lugha hiyohiyo aliyoichagua Jailos. "Sibanduki."

"Unasemaje?"

"Sibanduki. Niue ndipo uninyanyue."

Wazee walitazamana, wakaaga mmoja mmoja. Jailos alibaki na aibu, akaitafutia njia. Kila alipokutana na Damari sokoni alipiga kelele, "Mpisheni Mama Sibanduki! Jiwe linapita!" Watu walicheka. Mwaka wa kwanza walimcheka Damari. Mwaka wa pili walianza kuliita jina bila kicheko. Mwaka wa nne, aliyekuwa akiandika kwa rangi majina ya wenye magunia ya viazi hakumuuliza kitu. Aliandika SIBANDUKI kwa herufi kubwa, na gunia likapakiwa kwenye lori.

Usiku wa Jumatano walipokuwa wanakula, Damari alisema alichokuwa amekiamua tangu Jumatatu.

"Vinyungu sitoi. Na Mbeya utakwenda. Nataka uandikwe Sibanduki, nami nitie sahihi kwa jina hilo."

Marta aliacha kula. Damari alimtazama, na kwa mara ya kwanza wiki hiyo alihofu. Jina lilikuwa la matusi. Yeye alilibeba akiwa mtu mzima. Huyu atalibeba mbele ya wasichana wenzake na madaktari wa—

"Mama," Marta alisema, "shuleni walinitania kwa jina hilo tangu darasa la tatu. Niliwapiga wawili."

"Najua. Niliitwa."

"Hukujua yaliyofuata. Niliacha kupigana, nikaanza kuitika. Wakiniita Sibanduki, naitika 'Naam!' Wakachoka wao."

"Kwa hiyo?"

"Kwa hiyo niandike mimi. Mwandiko wako mbaya."

Alhamisi asubuhi walikwenda shuleni kwa Mwalimu Mkuu Ezekia, aliyepaswa kuithibitisha fomu, pamoja na jirani yao Matilda kama shahidi. Jailos alikuwa amekwisha kutangulia, kajiegemeza mlangoni.

"Mwalimu, huyu mama hana jina," alisema. "Jina la ukoo linatoka kwa wanaume."

Mwalimu alivua miwani. "Mama Marta, ana hoja. Watu wa ukoo ni Kalinga."

"Na huyo Kalinga wa kwanza, Mwalimu, alishuka nalo kutoka mbinguni? Alikuwa mtu, watu wakamwita, wanawe wakalishika. Langu nalo lina mtu. Ndiye mimi."

"Maana yake unaikubali?"

"Nimeilimia miaka saba."

Mwalimu alitabasamu kidogo. "Mimi nilibatizwa Ezekia. Mchungaji aliniambia maana yake ni Mungu hutia nguvu. Nilipewa nikiwa mtoto, sijui kama nimelistahili. Wewe umeanza kwa kustahili." Akamgeukia Matilda. "Lakini sharti niwe na hakika kwamba jina hili linajulikana. Ni nani aliyempa?"

Matilda aliangua kicheko hata akashika ukuta. "Muulize huyo hapo mlangoni!"

"Bwana Jailos?"

Jailos alisafisha koo. "Ilikuwa mzaha tu."

"Umemwita hivyo miaka mingapi?"

"Sita... saba."

"Mbele za watu?"

"Sokoni," Matilda alidakia, "kila siku ya soko, kwa sauti!"

"Basi shahidi ninaye," alisema Mwalimu, akavaa miwani na kusogeza kidau cha wino.

Marta aliandika. Kisha Damari akaichukua kalamu na kuandika chini yake polepole, akiikandamiza hata karatasi ikabonyea.

"Sibanduki gani huyu anayepanda basi kesho?" Jailos alitupa la mwisho.

"Jina si la miguu, shemeji," Damari alimjibu bila kuinua kichwa. "Nenda kamwagilie mahindi yako ya mlimani; yangu ya bondeni hayakauki."

Mwalimu alikausha wino, akaisoma fomu kwa sauti kuhakikisha hakuna kosa. "Marta Fanueli Sibanduki. Mlezi: Damari Sibanduki."

Damari alikuwa na kazi zinamngoja, na hakupenda maneno mengi. Lakini hapo alivuta kiti, akaketi.

"Rudia, Mwalimu," alisema.