Mfalme Anapokunywa, Geukeni

Mzee Nduwayo hakutaka kitabu ambacho mfalme wake anafukuzwa. Hilo alinieleza siku ya kwanza, nami nikalishika. Kabla ya kuchukua kitabu parokiani nilisoma mwanzo, nikasoma mwisho, na kama mwishoni mfalme alikuwa bado ameketi kitini pake, nilikifunga kwenye kanga nikaondoka nacho.

Babu yake Mzee alikuwa mtwale, yaani mkubwa wa eneo chini ya Mwami, zamani Bugufi ilipokuwa na wafalme wake. Yeye mwenyewe alikuwa mkulima wa Mugoma kama sisi, ila mwenye migomba mingi kutuzidi, na macho yake yalikuwa yameingia ukungu. Mimi nimeishia darasa la saba, lakini nasoma bila kukwamakwama, ndiyo maana akaniomba kwa mama. Kila alasiri nilikaa kwenye kigoda barazani kwake nikamsomea wafalme.

Ufunguo wa chumba cha vitabu ulikuwa kwa katekista Laurian.

"Ineza, leo unamchukua yupi?"

"Mwenye kiburi."

"Wote wana kiburi hao. Chukua kinene, kesho unipumzishe."

Vitabu vya shule havikumfaa Mzee. Humo mfalme anatajwa, anapigana na Wajerumani, amekwisha, aya moja tu. Vya malkia wa Ulaya alivisikiliza kidogo, akachoka na magauni. Alichotaka ni mfalme anaamkaje, anakaaje, nani anamshikia mkuki. Nikapata kimoja kinene cha wafalme wa nchi za maziwa, na humo ndimo yalimotoka yote. Kiliandika kwamba mfalme anapokunywa hakuna anayemtazama. Watu hugeuza nyuso. Wala hakuna mdomo unaotangulia mdomo wake.

"Rudia hapo," Mzee akasema.

Kwetu pombe haiendi hivyo. Anayekuletea kibuyu cha pombe ya ndizi huvuta mrija yeye kwanza, mbele yako, nawe unaona koo lake likimeza. Ndipo anakupa. Hata mama kwa mwanawe. Usipoonja, umesema jambo bila kulitamka. Na aliyemletea Mzee pombe kila siku ni Gervas, mtoto wa marehemu mdogo wake, ndiye aliyemtunza tangu mke wa Mzee afariki. Gervas alikuwa akivuta mvuto mrefu mpaka Mzee anapiga kelele, "Niachie na mimi, mlevi we!"

Siku ile Mzee akamwambia, "Leo usionje. Na mgeuke."

Gervas akacheka. Akanitazama, akakitazama kitabu mapajani mwangu, kisha akageuka kabla yangu.

"Haya Ineza, geuka. Mfalme anakunywa."

Nikageukia migomba. Nyuma yangu mrija ulikoroma, ukanyamaza, ukakoroma tena.

Ningeuona ni mchezo wa uzee, lakini nilikuwa nimesikia ya kikao cha ukoo baada ya Pasaka. Mzee alitamka mbele ya wote kwamba migomba anamwachia binti yake Esperansia, aliyeolewa Nyarubungo kule Biharamulo. Akishavuna maharage yake angekuja, waende kuandikishana kwa mwenyekiti wa kijiji. Wanasema Gervas alikaa akinyofoa nyasi mbele ya miguu yake. Mzee akifa kabla binti hajafika, maneno ya kikao yanabaki maneno, na anayekaa kwenye shamba ni Gervas.

Pombe ikawa inaletwa bila kuonjwa kila siku, na haikuchukua muda Mzee akaanza kutapika. Zahanati wakasema amiba, wakampa vidonge. Akapata nafuu, kisha ikarudi. Ngozi ya mikono yake ikawa kama ganda la muhogo lililoachwa juani.

"Uzee, baba mkubwa," Gervas alimwambia, akimpangusa mdomo kwa kitambaa safi. Alimpangusa polepole sana. Mimi niliuogopa ule upole.

Kisha Gervas, ambaye sijawahi kumwona na kitabu hata cha nyimbo kanisani, akarudi kutoka mnadani na kimoja kwapani.

"Msomee hiki. Nimeambiwa mfalme wake anakula peke yake ndani, mlango umefungwa."

Nikakifunua pale pale. Ilikuwa kweli.

"Nitakisoma kwanza mwenyewe," nikasema.

"Unachagua sana wewe."

"Ndiyo kazi niliyopewa, kaka Gervas."

"Chagua basi. Ila usikae nacho sana."

Nilifikiri kumpigia Esperansia. Nimwambie nini? Kwamba watu wanageuza uso? Na Mzee nimwambieje kwamba mtu anayemfulia na kumwogesha anamtakia kifo? Hangeniamini mimi juu ya damu yake. Vitabu ndivyo aliviamini. Kwa hiyo ilibidi nimpate mfalme mwingine.

Kesho yake nilikaa chini parokiani tangu asubuhi. Sikusoma tena mwanzo wala mwisho. Nilitafuta mezani tu, pale wanapokula na kunywa. Mmoja alikunywa akiwa amejificha nyuma ya pazia. Mwingine hata jina la kinywaji halikuandikwa.

"Leo unamtafuta mfalme gani?" Laurian akauliza.

"Anayeonjewa."

Alikuwa ameshafungua mdomo anitanie, akaufunga. Naye ni mtu wa Mugoma, anajua kuonja ni nini. Alipanda juu ya benchi akanishushia vitabu vya juu kabisa, vyenye vumbi na mavi ya panya, akakaa chini upande wa pili akaanza kufunua pamoja nami. Yeye ndiye aliyekiona, kitabu chembamba kisicho na jalada, cha mfalme wa nchi ya mbali. Humo kikombe hakikumfikia mfalme mpaka mtu mmoja ajimiminie kiganjani, anywe, na watu wote wasubiri wakimtazama.

Alasiri nilikisoma. Gervas alitokea na kibuyu nilipokuwa kwenye ukurasa wenyewe. Sikunyamaza, nilisoma mpaka mwisho wa aya.

"Kumbe!" Mzee akasema. "Mfalme kamili ana mtu wake wa kuonja."

"Hao ni wa huko kwao, baba mkubwa. Wetu hawakuwa hivyo."

"Wetu uliwaona wewe?"

Moyo wangu ulitulia. Niliona jambo limerudi palepale pa zamani, Gervas avute mrija kama alivyokuwa akivuta. Lakini Mzee alinyoosha mkono ukapapasa hewani mpaka ukanipata begani.

"Huyu ndiye ataonja."

"Babu, mimi?" nikasema. "Si kaka Gervas ndiye huwa—"

"Ndugu haonji. Umenisomea mwenyewe wafalme wangapi? Ndugu ndiye anayerithi. Wewe hurithi kitu hapa. Mpe kibuyu, Gervas."

Gervas hakusogea.

"Huyu mtoto wa watu hanywi pombe. Mama yake atanigombeza."

"Mpe."

"Leo nimeichanganya na ya juzi, imekuwa kali. Itamwumiza tumbo."

Mzee aligeuza yale macho yake yenye ukungu kuelekea sauti ilikotoka.

"Yeye itamwumiza," akasema, "mimi ingenifanyaje?"

Kuku walikuwa wakiparua chini ya migomba, tukawasikia. Gervas alikishika kibuyu kwa mikono miwili. Jasho lilikuwa limemtoka juu ya mdomo, na bado alikuwa anatabasamu, lakini kwangu mimi sasa, siyo kwa Mzee.

"Basi nikalete nyingine," akasema. "Ya leo leo." Akaingia nacho ndani, akatokea mlango wa nyuma. Hakurudi.

Mzee alisikiliza mpaka hatua za Gervas zikapotea. Kisha akanong'ona, "Mpigie mwanangu. Mwambie aache maharage."

Nilimpigia nikiwa nimesimama pale pale. Esperansia aliuliza mara moja tu, "Anakula nini?" Nikamwambia. Nikasikia anamwita mumewe. "Nakuja," akasema. "Nikipata gari nakuja. Usimwache, Ineza."

Nilikaa na Mzee mpaka akalala. Asubuhi, kabla sijamaliza kufagia, Gervas alikuja nyumbani kwetu. Alimwamkia mama kwa adabu, shikamoo mama, huku akitua mkungu mkubwa wa ndizi mlangoni.

"Ineza sasa ni mtu wa kwa Mzee kabisa," akasema. "Kuanzia leo asijisumbue kula huku. Nitakuwa nampikia pamoja na Mzee, mimi mwenyewe."

"Mungu akubariki, mwanangu," mama akasema, akiubonyeza mkungu kwa kidole kuona kama umekomaa.

Nilitazama barabarani. Hapakuwa na gari. Nikachukua kanga yangu nikatoka, na Gervas akatembea nyuma yangu njia nzima akipiga mluzi. Ningekaa nyumbani, mchana Mzee angekunywa bila wa kumwonjea.