Blanketi la Kumuaga Mwalimu Mectilda

Uhamisho ule ulikuwa wa chuki, na walimu wote wa shule ya Tlawi walilijua hilo. Mwalimu Mectilda alikuwa amekataa kuwatoa wanafunzi darasani wakapalilie maharage ya mkuu wa shule, Mwalimu Wolfgang. Haukupita muda, barua ikaja: ahamie Balangdalalu, kule Hanang, kwa manufaa ya umma. Umma upi, Mungu ndiye ajuaye.

Angekuwa peke yake angefunga virago. Lakini nyumbani alikuwa na mumewe, Margwe, aliyeanguka kutoka juu ya paa akapooza kuanzia kiunoni. Mectilda ndiye aliyemwogesha na kumgeuza kitandani asipate vidonda. Kuhama naye haikuwezekana, maana mtaalamu wa mazoezi ya viungo yuko Mbulu mjini.

Basi akaupinga uhamisho, wakaanza kumpiga danadana. Kwenye tume ya usuluhishi wa migogoro ya kazi, alikokwenda kwanza, aliambiwa shauri la mtumishi wa umma halianzii pale, akate rufaa serikalini. Rufaa ikatupwa. Alipofika mahakamani alikuwa amechoka miguu, na moyo umechoka zaidi. Hata hivyo vyeti vya hospitali vya Margwe alikuwa navyo, na wakili wake, Hilda, alimhakikishia kuwa hoja zao zina mashiko.

Ndipo wakili wa mwajiri akasimama na kuonyesha video.

Ilikuwa ya sherehe ya kumuaga, iliyofanyika siku chache tu baada ya barua kuja. Wolfgang mwenyewe ndiye aliyeiandaa, bila kumuuliza, na kumbe alikuwa ameagiza irekodiwe tangu mwanzo hadi mwisho. Siku hiyo Mectilda alitoka darasani akakuta wazazi wamejaa uwanjani na pilau limeiva. Mzee Sulle, aliyewasemea wazazi, akamvika blanketi mabegani. Sasa mtu aliyelelewa akaleleka atausukumaje mkono wa mzee? Akapiga magoti, akasema yale yanayosemwa na kila anayeagwa.

“Nawashukuru wazazi wangu,” sauti yake ikasikika mle mahakamani. “Nimepokea kwa moyo mmoja. Huko niendako nitawakumbuka.”

Wakili akaizima video. “Maneno haya uliyasema, hukuyasema?”

“Niliyasema, lakini...”

“Ulilazimishwa?”

“Mheshimiwa Jaji, wazee walikuwa wamesimama mbele yangu! Kwetu blanketi la mzee halikataliwi. Nilipokea heshima, sikupokea uhamisho!”

“Jibu swali, mwalimu. Kuna mtu alikulazimisha?”

Mectilda aliwatazama watu wote wale waliovaa suti, akaona hakuna atakayemwelewa. “Hapana,” akasema.

Hukumu haikuwa ndefu. Mlalamikaji aliridhia mbele ya mashahidi, kwa hiari yake, kwa hiyo aripoti Balangdalalu Jumatatu. Hilda akaanza kueleza habari za kukata rufaa nyingine, na Mectilda akatamani kupiga kelele. Rufaa! Margwe atageuzwa na rufaa?

Nje, Mzee Sulle alikuwa akimsubiri. Alikuwa amesafiri kutoka Tlawi kuja kusimama naye, na uso wake ulikuwa wa mtu aliyefiwa.

“Shikamoo, baba.”

“Marahaba, mwanangu. Pole sana. Sisi Wolfgang alituambia umeomba kuhama mwenyewe. Si ungelikataa tu lile blanketi, tungejua kuna jambo?”

“Ningelikataa, mngesemaje?”

Mzee akafikiri. Hakuwa mtu wa kudanganya. “Tungesema mwalimu ana kiburi.”

“Na sasa Margwe nani atamgeuza, baba?”

“Tutapanga zamu. Wote tutakuja.”

Mectilda alizijua zamu hizo. Siku za mwanzo watajazana mpaka viti vikose. Mvua ikinyesha, kila mtu atashika jembe lake, na Margwe atabaki kuhesabu mabati. Hasira ikampanda, kwa Wolfgang, kwa jaji, kwa mzee huyu mwema, na zaidi kwa magoti yake mwenyewe yaliyokuwa mepesi kupigwa.

Mzee Sulle akanyoosha mkono waagane. Mectilda akautazama, akageuka, akaenda zake bila kumuaga.