Misumari ya Banda la Marobota

Minza alikuwa mtu wa kuuliza. Aliwahi kumuuliza padri kama malaika huchoka, na fundi umeme kama umeme hurudi ulikotoka taa ikizimwa. Majirani walimcheka, wengine walimkimbia. Lakini swali lililomkaa kooni mwaka ule halikuchekesha mtu: miaka ya kazi huenda wapi mtu akihamishwa?

Kinu cha pamba nje kidogo ya mji wa Bariadi kilikuwa kimetoka mikononi mwa ushirika kikaangukia kwa mnunuzi binafsi. Ndizo zilikuwa habari za siku zile. Kila mwenye lori na mzani alikuwa mfanyabiashara. Tajiri huyo alizima nusu ya mashine za kuchambulia, na Minza, aliyezilisha pamba tangu ujana wake, akavushwa uwanja kwenda banda la marobota, kushona vitambaa vya kufungia mizigo ya pamba.

Humo bandani ukutani kulikuwa na misumari ya kutundikia nguo. Wa kwanza ulikuwa dirishani, penye hewa safi, na ulikuwa wa mzee Mayala, mkongwe kuliko wote. Wa mwisho ulikuwa mlangoni, penye vumbi la pamba, wa aliyeingia karibuni. Mtu akistaafu, wote husogea kwa utani na vigelegele. Minza alipofika aliona aibu kuwapita wenyeji, akatundika khanga yake mlangoni. Heshima tu, basi.

Meneja mpya, Bwana Kasmiri, alikuwa amemtangulia Minza kufika kwa wiki chache. Kwa kuwa ofisi yake ilikuwa inapakwa rangi, alitundika koti lake dirishani. Mayala akasogea, na wote wakasogea.

Kisha likaja tangazo: Ijumaa mshonaji mmoja angepunguzwa, na aliyeingia mwisho ndiye angetoka kwanza. Mafaili ya wafanyakazi yalibaki ushirika, hayakujulikana yalipo. Bwana Kasmiri akauliza wanajuanaje nani mkubwa kazini, wakamwonyesha misumari. Akafurahi, maana ilimwondolea kazi.

Msumari wa mwisho ulikuwa wa Minza. Mumewe alishafariki na shamba lilikuwa la shemeji; mshahara ule ndio uliomfanya aitwe mwenye nyumba. Lakini hata katika woga wake hakuacha kudadisi. Alimwendea Wilhelmina, mwakilishi wa chama cha wafanyakazi, akaambiwa inategemea mkataba, na mkataba uko kwenye mafaili. Jioni alisimama zizini kwa shemeji kumtazama ng'ombe mmoja aliyeletwa kutoka Lalago. Kule alikuwa akiongoza kundi na njuga shingoni. Hapa alitembea nyuma kabisa, na ndama walimtangulia kunywa maji. Minza alimtazama mpaka shemeji akamuuliza kama anataka kumnunua.

Alhamisi Salu, jirani yake wa msumari, kijana mpole aliyemfundisha kushika sindano ya marobota, alimwambia ukweli wake, akimwita mama kwa Kisukuma.

"Mayo, usinichukie. Humu bandani mimi nilikutangulia."

"Sikuchukii, baba. Nauliza tu. Wakati natia pamba kwenye mashine ile kule, wewe ulikuwa unachunga ndama, siyo?"

"Kule, mayo. Siyo humu."

Salu hakumkosea. Minza alikubali moyoni kwamba angekuwa Salu naye angesema hivyo hivyo.

Ijumaa asubuhi walikusanyika bandani. Bwana Kasmiri aliingia, akavua koti, akalitundika dirishani kama kawaida yake. Minza alilitazama lile koti. Akastaajabu kwamba hajawahi kuliona vizuri.

"Mwangaluka, bwana meneja," alimwamkia kwa Kisukuma. "Naomba kuuliza."

Watu wakaguna. Mzee Mayala akafumba macho.

"Uliza, mama."

"Wewe umefika hapa lini?"

"Si unajua? Mwezi juzi."

"Na koti lako liko msumari wa kwanza."

Bwana Kasmiri aligeuka, akalitazama koti lake. "Mimi nina miaka ishirini kwenye pamba, mama. Nimeanza vinu vya Mwanza."

"Sikatai. Ninachotaka kujua ni hiki: miaka yako imesafiri kutoka Mwanza hadi hapa. Yangu imeshindwaje kuvuka uwanja?"

Hakuuliza kwa ukali. Alitaka kweli kujua, na hilo ndilo lililomnyima meneja nafasi ya kukasirika. Alisimama amekunja uso, kisha akacheka kwa aibu kidogo.

"Haijashindwa," alisema. "Tutahesabu tangu mtu alipoingia getini, si bandani."

Banda lililipuka kwa makofi. Mayala mwenyewe alichukua khanga ya Minza mlangoni, akampelekea karibu na dirisha, na wote wakasogea. Minza alicheka mpaka machozi yakamtoka. Alipoyafuta, akaona mtu mmoja hakupiga makofi.

Salu alikuwa mlangoni. Alishusha shati lake kutoka msumari wa mwisho, ambao sasa ulikuwa wake, akalikung'uta vumbi la pamba, akalikunja polepole.

"Mayo," alisema, "na yangu je? Inakwenda wapi?"

Minza aligeuka, akaitazama khanga yake karibu na dirisha.